Naam Mbili za Wakana

Kumazawa hakumsalimu. Aliweka trei yake mezani, akakunjua gazeti, akalisukuma mpaka likagusa bakuli la supu la Wakana.

"Soma," alisema.

"Dada Kuma, ngoja basi nimeze."

"Soma kwanza, halafu umeze."

Wakana Shirotori akasoma, na wali ukamkwama kooni. Juu palikuwa na picha yake akiwa ameruka, raketi hewani. Chini yake herufi kubwa zilisema: SHIROTORI KUUAGA UWANJA LEO, AOLEWA KOKURA. Habari yenyewe ilikuwa fupi na tamu. Bi Fusae Nukaga, mwenye duka la achari la Nukaga huko Kokura, alikuwa amemweleza mwandishi kwamba fainali ya leo ya ubingwa wa taifa ndiyo ya mwisho kwa mkwe wake mtarajiwa. Baada ya leo binti ataweka raketi chini na kuingia nyumbani kwa mumewe.

"Kwa hiyo," alisema Kumazawa huku akimenya yai, "habari za ujane wangu nimezipata gazetini, karibu na utabiri wa hali ya hewa."

"Si kweli!"

"Picha si yako?"

"Picha ni yangu. Maneno si yangu."

"Mama mkwe wako ameyaota?"

Wakana aliinamia supu yake. Kumazawa akamwona, maana walikuwa wamecheza pamoja tangu sekondari, na hakuna kitu usoni mwa Wakana ambacho Kumazawa hakukijua. Alikuwa amemtangulia darasa moja tu, lakini kwao hilo linatosha mtu kuitwa dada. Mpaka leo, wote wakikaribia miaka thelathini, Wakana hakuwahi kumwita kwa jina tupu. Ni dada Kuma mazoezini, dada Kuma kwenye ndege, dada Kuma hata wanapogombana.

"Unajua nchi nzima inatuitaje?" Kumazawa aliuliza.

"Shirokuma."

"Shirokuma. Shiro lako, Kuma langu, tukapatikana dubu mweupe. Watoto wanavaa kofia za masikio meupe kwa ajili yetu. Sasa ukishakuwa Nukaga tutaitwaje? Nuka-Kuma! Nuka si ndiyo pumba za mpunga? Dubu wa Pumba, Waka! Nitavaa kofia gani mimi?"

"Wenzetu wengine wameolewa na wanachezea jina la kwao."

"Wakwe zao si Bi Fusae." Kumazawa alisimama na yai lake mkononi. "Cheza leo upendavyo. Mimi nitakuwa nyuma, kama kawaida. Ila usinisemeshe."

Akaenda zake, na Wakana akabaki na supu iliyopoa na kosa ambalo alilijua vizuri sana.

Kosa lilikuwa neno moja. Majira ya majani kukauka alikwenda Kokura kujulishwa rasmi kwa Bi Fusae, mama wa mchumba wake Teppei. Walimketisha kwa magoti kwenye mkeka wa chumba cha wageni, na muda si muda miguu ikafa ganzi, yeye ambaye miguu yake ilikuwa ikiandikwa magazetini. Bi Fusae akaleta mtungi. Ndani mlikuwa na pumba zilizolowana za kuchachushia achari, zenye harufu kali ya chumvi na pilipili, pumba zilizokuwa zikirithiwa na wake wa nyumba ile kutoka kwa mama mkwe hadi kwa mkwe tangu duka lilipofunguliwa. Zilitakiwa kugeuzwa kwa mkono kila siku ya Mungu, zisipogeuzwa zinaharibika.

"Mkono wangu umechoka," Bi Fusae alisema. "Mashindano ya Desemba yakiisha, utakuja kuushika mtungi huu. Sivyo, mwanangu?"

"Naam!" Wakana akajibu, kwa sauti iliyotikisa vikombe.

Mchezaji yeyote wa nchi ile angemwelewa. Tangu utotoni kocha akikwambia miguu yako mivivu, unajibu naam! Akikwambia zunguka uwanja tena, naam! Ni neno la kuonyesha kwamba masikio yako wazi na mgongo umenyooka, basi. Kukubali ni jambo jingine kabisa. Lakini Bi Fusae hakuwahi kushika raketi maishani mwake. Yeye alisikia naam ya mkwe, akafurahi mpaka machozi yakamlengalenga, na Wakana alipogeuka akamwona Teppei naye anatabasamu. Nani angekuwa na moyo wa kusahihisha hapo? Akanyamaza. Akaendelea kunyamaza Oktoba na Novemba, na ukimya wake ndio huo uliochapishwa asubuhi ile Tokyo.

Teppei alikuwa akimsubiri kwenye ujia wa ukumbi, kando ya mashine ya kuuza vinywaji. Alikuwa mkubwa wa mwili, mpole, mzito wa maneno, na mikono yake haikuisha harufu ya pumba hata aioshe kwa sabuni gani. Wakana aliipenda harufu ile kuliko marashi yote ya viwanja vya ndege. Walikutana siku Wakana alipofungwa vibaya mechi moja katika mkoa wa kina Teppei, naye Teppei alikuwa ameleta achari za wachezaji. Kila mtu alimwambia pole, jikaze, utashinda mwakani. Teppei peke yake aliuliza, "Umekula?" Basi. Wakana akalia, akala, akapenda.

"Nimelisoma gazeti kwenye treni," Teppei alisema. Macho yake yalimwangukia Wakana, yakakaa pale. "Nilifurahi mpaka nikamkanyaga abiria. Mama ameketi juu na majirani zetu, amevaa kimono chake cha sherehe. Anagawa matango."

"Teppei, mimi sistaafu."

Tabasamu la Teppei lilififia polepole.

"Mama alikuuliza mbele yangu. Ukasema naam."

"Ile ni naam ya uwanjani! Ni mdomo tu. Nimefunzwa hivyo. Mtu akiniuliza kitu kwa ukali najibu naam kabla sijajua kaniuliza nini."

"Kwa hiyo unaweza kusema naam na usimaanishe."

"Ndiyo. Hapana! Usinichanganye."

"Sikuchanganyi, nakuuliza." Sauti yake ilikuwa ya chini, na uchungu ndani yake ulimkata Wakana maini. "Agosti, pale darajani, mvua inatunyeshea. Nilikuuliza kama utakuwa wangu. Ulinijibu nini?"

Wakana hakuhitaji kukumbushwa. Alijibu naam. Aliipaza mpaka bata wakaruka kutoka mtoni.

"Mimi nilidhani ni furaha," Teppei alisema. "Kumbe labda ulikuwa umenisikia tu."

"Teppei, usiseme hivyo. Ile ilikuwa..."

"Shirotori!" kocha alipiga kelele kutoka mlangoni. "Uwanjani!"

"Naam!"

Lilimtoka lenyewe. Akaziba mdomo kwa mkono, lakini lilikuwa limeshatoka, na Teppei alikuwa akimtazama kama mtu aliyethibitishiwa alichokiogopa.

"Umeona?" alisema kwa upole. "Nenda. Wanakungoja."

Wakana akaingia uwanjani akiwa amegombana na wote wawili aliowahi kuwapenda, na taa zikamwakia usoni. Ukumbi ulikuwa umejaa pomoni. Kofia za masikio meupe zilikuwepo kama kawaida, lakini safari hii watu walikuwa wamekuja na mashada ya maua na vitambaa vilivyoandikwa ASANTE na KWAHERI. Bibi mmoja wa mstari wa mbele alikuwa tayari analia. Wakana akajiona anahudhuria mazishi yake mwenyewe akiwa amevaa raba.

Upande wa pili wa wavu walisimama wasichana wawili wa chuo, wabichi, wenye mapaja ya chuma na tabasamu la watu wasiojua kuchoka. Mchezo wa vinyoya wa wanawake wawili wawili hauna njia ya mkato. Kinyoya kinapigwa, kinarudi, kinabamizwa, kinarudi tena, mpaka mmoja akose pumzi au akili. Silaha ya Shirokuma siku zote ilikuwa mdomo. Wangu! Wako! Nyuma! Acha, kinatoka! Walikuwa wakisemezana mfululizo, na wapinzani walisema kucheza nao ni kama kucheza na soko zima.

Leo sokoni hapakuwa na mtu. Kumazawa alibamiza kutoka nyuma bila neno. Wakana aliviziavizia karibu na wavu bila neno. Kinyoya kilianguka katikati yao mara ya kwanza, na kila mmoja akakitazama. Kikaanguka tena. Seti ya kwanza ilikwenda haraka kiasi kwamba wenye maua walianza kujiandaa.

Walipokaa kufuta jasho Wakana alimwangalia mwenzake. Kumazawa alikuwa ameinamisha kichwa, taulo shingoni, na kwenye bega lake la kulia bandeji ilikuwa imelowa. Bega lile aliliumiza miaka mitatu iliyopita akikimbilia kinyoya ambacho Wakana alikuwa amekikosa. Hakuwahi kulisema. Wakana akaangalia juu jukwaani, akamwona Teppei ameketi pembeni ya mama yake, mikono magotini, hapigi makofi wala haondoi macho kwake. Hapo ndipo ujinga wake wote ulipomkaa wazi. Alikuwa amewanyamazia watu wawili kwa kuogopa kumwudhi wa tatu, na sasa wote watatu walikuwa wameumia.

Seti ya pili ilianza vilevile. Kinyoya kikapaa juu, kikaja kuangukia palepale katikati.

"Madoka!"

Ukumbi haukujua kilichotokea, lakini Kumazawa alijua. Miaka yote hiyo, hakuwahi kulisikia jina lake tupu kutoka kinywani kwa Wakana. Aligeuka na macho yamemtoka, akakipiga kinyoya kwa mshangao tu, na kikamchanganya msichana wa upande wa pili akakibwaga wavuni.

"Umeniitaje wewe?" Kumazawa alifoka.

"Madoka. Na nitakuita tena. Sistaafu! Nilikosa kusema, nimesema sasa. Sikuachi, sistaafu, na wewe ongea na mimi, maana ukininyamazia sioni kitu!"

"Huna adabu kabisa."

"Sina. Niadhibu tukishinda."

Mwamuzi akawaamuru waendelee. Kumazawa akarudi nyuma mahali pake, akiwa anatikisa kichwa, na Wakana hakuhitaji kugeuka kujua kwamba anacheka.

"Wako, mkosa adabu!"

"Wangu!"

"Nyuma! Nyumaaa!"

"Acha!"

Soko likafunguliwa. Seti ya pili wakaichukua. Ya tatu ikawa vita. Mpigiano mmoja ulidumu hadi watu wakaacha kushangilia na kubaki wameshika vifua, Kumazawa anabamiza, wasichana wanarudisha, Kumazawa anabamiza tena na bega lile bovu, Wakana anapiga magoti, anainuka, anaruka. Wasichana wa chuo waliacha kutabasamu. Kwenye pointi ya mwisho kinyoya kilikuja juu, kirefu, kuelekea nyuma kabisa, na Wakana akaona kivuli cha mwenzake kinakichelewa.

"Madoka, wangu!"

Alikimbia kinyumenyume, mahali ambapo si pake, akaruka, na badala ya kubamiza akakigusa tu. Kinyoya kikavuka wavu, kikajifia mguuni kwa wapinzani. Kumazawa alimdaka kabla hajaanguka, wakaanguka wote, na kofia nyeupe zikarushwa hewani ukumbi mzima.

Mtangazaji alikuja na kipaza sauti, mzee nadhifu mwenye sauti ya asali. Maua yaliletwa.

"Dada Shirotori, hongera. Ushindi mtamu wa kuagia uwanja! Taifa linakuambia..."

"Samahani," Wakana alisema, akakichukua kipaza sauti kutoka mkononi mwake. "Mimi simuagi mtu."

Ukumbi ukalipuka. Akangoja watulie.

"Gazeti halina kosa. Kosa ni langu. Mama mmoja ninayemheshimu aliniuliza jambo, nami nikamjibu kwa mdomo wa uwanjani, halafu nikaogopa kumwambia ukweli. Mama, nisamehe." Akainama chini kabisa, mpaka jasho likadondoka sakafuni, akakaa hivyo kwa muda kabla ya kuinuka. "Nitacheza mpaka miguu yangu yenyewe ikatae. Na kuna mtu mwingine aliniuliza swali kwenye mvua. Teppei! Safari hii nakujibu kwa maneno marefu ili usinisikie vibaya. Nakupenda. Nilianza kukupenda uliponiuliza kama nimekula. Nakutaka nikishinda na nikifungwa, nikiwa hapa na nikiwa nchi za watu. Ukisema huwezi kuwa na mke asiyekaa nyumbani, nitalia sana, lakini usiseme sikukutaka."

Mtangazaji hakujua atazame wapi. Kumazawa alikuwa analia waziwazi, anafuta kamasi kwa bandeji.

Teppei alishuka ngazi za jukwaa taratibu, kama kawaida yake katika mambo yote. Alipofika ukingo wa uwanja akasimama, akavua viatu, akavipanga vizuri, akaingia kwa soksi. Alikuja mpaka mbele ya Wakana, na macho yake yalikuwa mekundu.

"Siwezi kukuoa," alisema.

Kipaza sauti kilikuwa bado wazi mkononi mwa Wakana. Sauti ya masikitiko ilipita ukumbi mzima.

"Nikikuoa unakuwa Nukaga," Teppei aliendelea. "Sheria yetu unaijua, mke na mume jina moja. Mama hatakubali ucheze na jina jingine, na mimi nimekaa pale juu nikiwatazama nyinyi wawili, nikajiuliza mimi ni nani wa kuja kumuua dubu wa watu? Siwezi." Akameza mate. "Kwa hiyo nioe wewe."

"Ati?"

"Nioe. Nichukue niingie kwenu. Niandikwe Teppei Shirotori. Wanaume wachache wanafanya hivyo, sheria haikatazi."

"Ala!" Kumazawa akapiga kelele. "Mwanamume anaomba kuolewa!"

Wakana alimkamata Teppei mikono ile yenye harufu ya pumba, akaibandika usoni pake, na watu wakashangilia mpaka paa likatetema.

"Teppei!"

Bi Fusae alikuwa ameshuka. Alisimama ukingoni ndani ya kimono chake cha sherehe, mkoba mkononi, majirani zake wa Kokura wamejipanga nyuma yake. Shangwe zikafifia.

"Mama," Teppei alisema.

"Na mtungi? Ataushika nani?"

"Mimi. Mwaka juzi ulipovunjika nyonga, nani aliugeuza majira yote ya baridi? Mteja gani alilalamika?"

"Ni kazi ya mke wa nyumba!"

"Pumba hazijui mkono wa mke na wa mume, mama."

Bi Fusae alimtazama Wakana. Hasira ilikuwepo, lakini chini yake palikuwa na kitu cha zamani zaidi.

"Mimi nilikuwa na miaka ishirini na miwili," alisema. "Niliacha jina la baba yangu, niliacha kazi yangu, nikaja kutia mkono kwenye pumba za watu. Hakuna aliyeniuliza nataka nini. Hata mmoja."

Wakana alimwachia Teppei. Alivuka uwanja, akapiga magoti mbele ya mama yule, jasho na vumbi na yote, akainamisha kichwa mpaka paji la uso likagusa sakafu.

"Basi mimi nakuuliza, mama," alisema. "Mwanao ninampenda. Nitamtunza, na jina langu nitampa. Ukikataa, nitakuja tena Kokura, na tena, nikuulize vilevile. Unanipa?"

Bi Fusae aliangalia kichwa kilichokuwa chini ya miguu yake. Akamwangalia mwanawe na soksi zake, moja ina tundu kwenye kidole gumba. Akatoa leso, akapenga kwa heshima, akairudisha mkobani, akaufunga mkoba.

"Vizazi vitatu," aliwaambia majirani zake kwa sauti ya kutosha ukumbi mzima, "katika nyumba ya Nukaga hakijawahi kuoza kitu. Tango halikuoza, figili haikuoza. Wa kwanza kuoza ni mimi, Fusae." Akamsukuma Teppei mgongoni kwa kiganja. "Nimeoza mtoto wa kiume. Haya, bingwa, inuka umchukue."